Kabla Kamati Haijakaa

Leo nazungumza na wale ambao barua ya posa imeshajibiwa, mahari imeshatajwa, na sasa simu zimeanza kuita kutwa kucha: tarehe lini, ukumbi upi, kamati ya harusi inakaa wapi. Msimu unakaribia. Desemba ikifika, Moshi, Bukoba na Mbeya zitajaa watu waliorudi nyumbani, na hapa Dar es Salaam kila Jumamosi utasikia matarumbeta juu ya pikapu yakiongoza msafara wa magari yaliyofungwa maua. Ni raha ya mji mzima, hata kwa yule aliyekwama kwenye foleni nyuma ya msafara.

Swali ambalo wachumba huliuliza kabla ya yote ni hili: tuanze na nini? Wapo wanaoanza na ukumbi, kwa kuwa kumbi nzuri huwahiwa. Wapo wanaoanza na rangi ya mapambo. Mimi nasema anzeni kwa kukaa wawili, peke yenu, bila mama, bila shangazi, bila rafiki yule anayejua mambo yote ya harusi. Zungumzeni fedha mliyonayo mkononi, watu ambao hamwezi kufunga ndoa bila wao kuwapo, na jambo moja au mawili ambayo hamtakubali yabadilishwe na mtu yeyote. Yaandikeni. Fanyeni hivyo kabla kamati haijakaa kikao hata kimoja, kwa sababu kikao cha kwanza kikishakaa, kila mtu atakuwa na sauti, na sauti zenu mbili zitakuwa ndizo ndogo kuliko zote.

Nisieleweke vibaya. Kamati ya harusi ni katika mambo mazuri tuliyonayo. Mwalimu wa shule ya msingi, muuza duka la dawa, fundi wa magari, kwa kipato chake pekee hawezi kuwalisha watu 300 siku moja. Lakini ana wafanyakazi wenzake, ana waumini wenzake, ana majirani, ana watu aliosoma nao, na wote hao alishawahi kuwachangia, au atawachangia kesho. Mchango wa harusi ni deni la utu linalozunguka. Leo unampa mwenzio, kesho mwanao anaoa, naye anakuja na bahasha. Tangu fedha zilipoanza kutumwa kwa simu, M-Pesa ikianzia Kenya mwaka 2007 na kuingia Tanzania mwaka 2008, hata binamu aliyeko Muscat au rafiki aliyeko Minnesota hana kisingizio. Ujumbe wa kukumbushwa ahadi unamfikia kitandani. Anayeikejeli kamati hajawahi kuona jinsi kijana asiye na baba wala mjomba mwenye uwezo anavyosimamishwa na watu wa mtaani kwake mpaka akaoa kwa heshima.

Matatizo yanaanzia kwenye hesabu. Nimekaa kwenye kamati nyingi, mara nyingine nikiwa mjumbe, mara nyingine nikishika kalamu ya katibu, na hali huwa ni ileile. Ni Jumapili saa kumi jioni, kwenye bustani ya baa fulani Sinza au Kijitonyama, meza za plastiki zimeunganishwa tatu pamoja. Mweka hazina ana daftari kubwa lenye safu nne: jina, ahadi, alichotoa, anachodaiwa. Mwenyekiti anasimama, anasoma bajeti, watu wanapiga makofi. Kisha inasomwa safu ya ahadi, makofi yanazidi. Safu ya tatu, ile ya alichotoa, husomwa haraka haraka, mara nyingi giza likiwa limeshaingia na watu wakitazama saa.

Sasa chukua kalamu tupige hesabu pamoja, kwa takwimu za mfano. Tuseme wageni ni 300. Chakula ni shilingi 30,000 kwa kichwa, hiyo ni milioni 9. Vinywaji tuseme 12,000 kwa kichwa, hiyo ni milioni 3 na laki 6. Ukumbi milioni 3, mapambo milioni 2 na nusu, muziki na mshereheshaji milioni moja na nusu, picha na video milioni moja na laki 2. Jumla ni milioni 20 na laki 8. Kamati ikasema kila mgeni achangie 50,000, yaani kadi ya mtu mmoja 50,000 na kadi ya wawili 100,000. Wageni 300 mara 50,000 ni milioni 15. Hata kama kila mtu atatoa mpaka senti ya mwisho, zinapungua milioni 5 na laki 8.

Hapo ndipo utamsikia mjumbe akisema, basi tuongeze watu, tugawe kadi zaidi. Anasema kwa nia njema kabisa, na ndiye anayeizamisha harusi. Kila mgeni anayeongezeka analeta 50,000 na kula na kunywa 42,000. Kinachobaki ni 8,000. Ili kuziba pengo la milioni 5 na laki 8 kwa njia hiyo utahitaji wageni wengine zaidi ya 700, na ukumbi wenu haubebi hata nusu yao. Na hapo bado hatujagusa ukweli wa kila kamati, kwamba ahadi si fedha. Robo tu ya wachangiaji wasipotimiza, milioni 15 zinakuwa milioni 11 na robo, na pengo linakaribia milioni 10. Nani anaziba? Ni bwana harusi, wiki mbili kabla ya ndoa, kwa mkopo wa simu au wa kausha damu, ule wa marejesho ya kila siku. Ameingia kwenye ndoa na deni ambalo mkewe halijui.

Kwa hiyo wachumba wanaponiuliza, tupange harusi ya shilingi ngapi, jibu langu ni hili: pangeni kwa safu ya tatu. Siku ya kulipa malipo ya awali ya ukumbi, mtazame kilichoingia na wala msitazame kilichoahidiwa. Kama kilichoingia kinatosha wageni 150, harusi yenu ni ya wageni 150. Ahadi zitakazotimia baadaye ziongeze soda, ziongeze nyama, zinunue godoro la maharusi. Zisiwe ndio msingi. Na fedha zenyewe zisiingie kwenye laini ya simu ya mtu binafsi ambayo pia anapokelea mauzo ya duka lake. Sajilini laini ya kazi hiyo peke yake, au fungueni akaunti yenye saini za watu wawili. Mweka hazina mwaminifu atafurahi, maana itamkinga na maneno ya watu.

Basi tuje kwenye kadi, na hapa naomba unisikilize vizuri. Kadi ya harusi siku hizi imekuwa tiketi. Anayelipa anaingia, asiyelipa anabaki nje, na mlangoni amesimama kijana mwenye suti anakagua majina. Kwa mfanyakazi mwenzio mliyekutana naye ofisini mwaka jana, sawa, hiyo ni kanuni inayoeleweka na wote. Lakini nimeona shangazi aliyesafiri usiku kucha kwa basi kutoka Singida, mama aliyembeba bibi harusi mgongoni wakati mama yake mzazi anaumwa, akaambiwa jina lake halimo kwa sababu hakumalizia 50,000. Alikuwa amevaa kitenge kipya. Alikuwa na kuku wawili wamefungwa miguu, ameleta zawadi. Kijana wa mlangoni hakuwa na kosa, ameambiwa afuate orodha. Kosa ni la orodha.

Wachumba wengi hupata kigugumizi hapa. Wanasema, tukiruhusu ndugu waingie bure, kamati itakasirika, maana wajumbe wamehangaika. Nami nawaambia, ndugu wa damu wasiuziwe kadi. Kwenye kile kikao chenu cha wawili, andikeni majina ya watu ambao wataingia hata kama hawana shilingi: babu, bibi, shangazi, mjomba, yule jirani aliyekulea, yule mwalimu aliyekulipia ada. Hesabuni sahani zao. Mkienda kwenye kamati, wekeni orodha hiyo mezani siku ya kwanza na mseme, hawa 40 wameshahesabiwa, tunawabeba sisi wenyewe kwa akiba yetu. Kamati yenye watu wazima itawaheshimu. Ila mkisubiri mpaka juma la mwisho ndipo mseme, mtakuta kadi zimeshachapwa na sahani zimeshagawanywa.

Na wazazi je? Mzazi mwingine husema wazi: nina watu wangu 80, wasipoalikwa, msinitegemee. Yupo baba aliyechangia harusi za watoto wa wenzake kwa miaka 30 na sasa anaona ni zamu yake. Ana hoja, msimdharau. Dawa yake ni kumpa idadi mapema. Mwambieni, baba, ukumbi ni wa watu 200, wewe na mama mna nafasi 50, wa upande wa pili wana 50, kamati ina 60, sisi tuna 40. Achague mwenyewe nani aingie. Mzazi akipewa idadi hupanga. Asipopewa, huendelea kualika watu hata msibani.

Kuna suala la sendofu, sherehe ya kumuaga binti, na kicheni pati ya kina mama, ambalo kwa Bara limekuwa zito kweli. Upande wa bibi harusi una kamati yake ya sendofu, kina mama wana michango yao ya kicheni pati, upande wa bwana harusi una kamati ya harusi yenyewe. Mtu anayewafahamu wote wawili, labda kwa sababu walikutana kazini kwake, anapokea kadi tatu za mchango ndani ya miezi miwili. Mishahara yetu tunaijua. Wachumba wanauliza, tunaweza kuunganisha sherehe hizi? Mnaweza, na zipo familia zinazofanya hivyo, hasa pale ukoo wote wa bibi harusi unapoishi mji mmoja na ukoo wa bwana harusi. Lakini muwe waangalifu. Sendofu ni siku ya wazazi wa binti kumuaga mtoto wao mbele ya watu wao, na kwa mama wengi ndiyo siku yenye uzito kuliko hata ya kanisani. Ukimwambia mama mkwe kwa simu kwamba sendofu imefutwa ili kubana matumizi, umeanza vibaya. Aende mshenga, aende na watu wazima, na waende na pendekezo: ifanyike nyumbani, mchana, wageni wa ukoo tu, pilau ipikwe na majirani. Mara nyingi mama atakubali, kwa sababu anachokitaka ni kile kitendo cha kuaga. Ukumbi si hoja yake.

Pwani na visiwani mambo ni mengine kidogo. Unguja au Tanga, ndoa yenyewe hufungwa msikitini au nyumbani kwa watu wachache, wanaume, na shughuli ya wanawake ina saa yake na mahali pake, na watu wake wa kuimba na kucheza. Michango ipo, ila kwa kiasi kikubwa hupita kwa njia ya kutunza, kusaidiana mapishi, na vyombo vya jirani. Kinachoumiza kule ni sare. Kila shughuli ina kanga yake au kijora chake, na mwanamke mmoja anaweza kutakiwa sare ya kesha, sare ya siku ya ndoa na sare ya kumtoa bibi harusi nje. Asiyenunua anaonekana hakushiriki. Bibi harusi, neno hili ni lako wewe, maana ukilisema wewe litasikika: chagua siku moja ya sare, na siku nyingine waambie watu waje na walichonacho.

Haya, tarehe. Hili nalipita haraka, lakini lina mitego. Waislamu wengi hawafanyi sherehe ndani ya Ramadhani, na Wakatoliki, Walutheri na Waanglikana wengi hawafungi ndoa za shangwe ndani ya Kwaresima. Mwaka 2026 Jumatano ya Majivu ilikuwa tarehe 18 Februari, na Ramadhani ikaanza juma hilohilo. Mwaka 2027 Jumatano ya Majivu ni tarehe 10 Februari, na Ramadhani inatarajiwa kuandama siku hizohizo. Kwa hiyo tangu Februari mpaka Ramadhani iishe milango inafungwa kwa wote kwa pamoja, na kumbi zinajaa kupita kiasi kabla na baada. Desemba nayo ina tamu na chungu yake. Ndugu wote wako nyumbani, ndafu itakuwapo, lakini Januari shule zinafunguliwa, na mzazi aliyetoa 100,000 yenu ndiye huyo anayetafuta ada na sare za watoto watatu. Mkichagua Desemba, anzeni kukusanya michango mwezi wa sita.

Mahari nayo huleta maswali kila siku. Wengi wananiuliza kama ndoa inaweza kufungwa mahari ikiwa haijaisha. Kwa sheria ya Tanzania Bara, ndiyo. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inasema ndoa iliyokamilika kwa masharti yake mengine ni halali hata kama taratibu za mila kuhusu mahari hazikutimizwa. Kwa mila za makabila mengi vilevile, mahari hailipwi ikaisha siku moja. Hubakizwa kitu makusudi ili wakwe waendelee kutembeleana. Kwa Waislamu, mahari ni haki ya mwanamke mwenyewe, anaitaja yeye, inakuwa mali yake yeye, na inaweza kutolewa taslimu au sehemu yake ikabaki kuwa deni kwa mume. Kilemba cha baba, mkaja wa mama na vinginevyo vya kimila ni mambo ya heshima kati ya familia, na havigeuzi mahari ya mke kuwa ya wazazi. Binti wa Kiislamu, ukisikia mahari yako imenunua mapambo ya ukumbi bila wewe kuulizwa, una haki ya kuuliza.

Nafika kwenye jambo linalosahaulika kwenye kila kamati niliyopata kukaa, nalo ni sheria. Bajeti ina mstari wa keki, ina mstari wa maua ya gari, haina mstari wa cheti. Sheria hiyohiyo ya 1971 inawataka wanaokusudia kuoana watoe taarifa kwa msajili au ofisa msajili si chini ya siku 21 kabla ya siku ya ndoa. Kwa Wakristo taarifa hiyo hufahamika kama yale matangazo ya kanisani Jumapili tatu mfululizo. Mwenye pingamizi halali, kwa mfano anajua kwamba mmoja wenu ana ndoa nyingine ya mke mmoja ambayo haijavunjwa, hulileta katika kipindi hicho. Kwa hiyo msiende kwa paroko au mchungaji zikiwa zimebaki wiki mbili na kadi zimeshasambazwa. Atawarudisha, na atakuwa na haki. Mkatoliki akumbuke pia cheti cha ubatizo kilichotolewa upya na parokia aliyobatizwa, na kama ulibatizwa Rulenge na unaishi Mbagala, safari ya karatasi hiyo inahitaji muda.

Ndoa ya mila pia ni ndoa kamili mbele ya sheria, ila wahusika wanatakiwa kuomba iandikishwe ndani ya siku 30. Wengi hawaendi. Miaka inapita, mume anafariki, na mjane anaanza kutafuta mashahidi wa kuthibitisha kwamba aliolewa, mbele ya shemeji wanaotaka nyumba. Nimeyasikia haya mara nyingi mno, siwezi kuyanyamazia. Nendeni mkaandikishe.

Na kuna lile la ndoa kuwa ya mke mmoja au zaidi. Sheria inadhania kwamba ndoa iliyofungwa Kiislamu au kimila ni ya wake wengi au inayoweza kuwa hivyo, mpaka ithibitishwe vinginevyo, na ndoa nyingine zote inazidhania kuwa za mke mmoja. Wachumba wengi hawajawahi kulizungumza hata siku moja. Mtu anajua rangi ya viti vya ukumbini lakini hajui mwenzake anafikiri nini juu ya mke wa pili. Lizungumzeni sasa, kwa sauti ya kawaida, kabla halijageuka ugomvi.

Wenye dini mbili tofauti, najua mzigo wenu ni mkubwa kuliko wa wengine. Mwanamume Mwislamu anaruhusiwa na dini yake kumuoa Mkristo, lakini mwanamke Mwislamu haruhusiwi kuolewa na asiye Mwislamu. Mkatoliki anayetaka kuoana na asiyebatizwa anahitaji ruhusa maalumu ya Kanisa, na hiyo huombwa kupitia paroko. Njia ya tatu ni ndoa ya serikali, wengi wanaita ya bomani, ambamo kila mmoja anabaki na imani yake na cheti chake ni halali sawa na kingine chochote. Ninachowasihi ni kwamba mtu asibadili dini kwa shinikizo la tarehe. Nimeona watu wakisilimu au kubatizwa Alhamisi ili wafunge ndoa Jumamosi, na watoto walipozaliwa, swali la dini likafufuka upya na ukali mara mbili. Waulizeni wazee wenu mapema, na mkubaliane watoto watalelewa vipi.

Kabla sijaaga, kuna kipimo kimoja ambacho hakigharimu hata robo ya keki. Makanisa mengi na misikiti kadhaa huwashauri wachumba wapime virusi vya UKIMWI, na watu wamezoea. Lakini ni wachache wanaopima selimundu. Tanzania ni miongoni mwa nchi zenye watoto wengi zaidi wanaozaliwa na ugonjwa huu duniani. Mtu anaweza kuwa na kinasaba kimoja cha selimundu, akawa mzima kabisa, asijue maisha yake yote. Wawili wa aina hiyo wakioana, kila mimba ina uwezekano wa robo moja wa mtoto kuzaliwa mgonjwa. Kupima si kwa ajili ya kuvunja uchumba. Ni kwa ajili ya kujua, ili mtoto akizaliwa apimwe mapema na aanze kliniki mapema, kabla hajafika hospitali akilia kwa maumivu ambayo mama yake hayaelewi. Nendeni wote wawili siku moja.

Nimalizie na ninyi wanakamati, maana mnanisikiliza. Baada ya harusi kuna ile siku yetu tunayoipenda, ya kuvunja kamati. Nyama choma, vinywaji, na hadithi za jinsi mambo yalivyokwenda. Mmefanya kazi ya kujitolea kwa miezi, mnastahili kukaa mle pamoja, na mle kwa fedha mliyoitenga tangu mwanzo kwa kazi hiyo. Ila kabla ya sahani ya kwanza, mweka hazina afungue lile daftari, asome safu zote nne kwa sauti, asome na matumizi, maharusi wakiwa wamekaa pale. Kikipatikana kilichobaki, iwe laki 2 au milioni moja, si cha mwenyekiti wala si cha kuongeza bia. Watu walichanga kwa jina la vijana wale wawili, na vijana wale wana kodi ya nyumba ya kulipa mwezi ujao. Wapeni.